Kesi ya shamba imekwama? Usikae kimya

Mzazi wa Talatala, huenda ada ya watoto inategemea shamba la mpunga au kakao lenye mgogoro, na kila ukienda Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya unaambiwa hukumu bado. Ibara ya 107A ya Katiba inakataza kuchelewesha haki bila sababu ya msingi. Sheria ya Mahakama za Migogoro ya Ardhi ya 2002, kifungu cha 43, inairuhusu Mahakama Kuu kuitisha jalada na kutoa maelekezo kwa Baraza. Anza kwa kumwandikia mwenyekiti; baki na nakala yenye mhuri. Usipojibiwa, tafuta wakili au msaada wa kisheria, mwende Mahakama Kuu, Mbeya. Amri yake huharakisha uamuzi, haikupi ushindi. Lakini familia itajua kama msimu ujao inapanda.