J. H. Taylor: Kedi wa Devon aliyewapa wachezaji gofu wa kulipwa sauti

Bingwa wa Mashindano ya Wazi ya gofu ya Uingereza siku hizi huondoka na kitita kinachozidi dola milioni tatu. Mwaka 1894, bingwa wa mashindano hayo hayo alikabidhiwa pauni 30, kisha akarejea kwenye kibarua chake cha kutengeneza fimbo na kuuza mipira. Jina lake lilikuwa John Henry Taylor, na ndiye mchezaji wa kwanza wa kulipwa kutoka England kulitwaa taji hilo. Waingereza wawili, John Ball na Harold Hilton, walikuwa wamelishinda kabla yake, lakini hao walikuwa wachezaji wa ridhaa, watu wenye nafasi zao. Taylor alitokea mlango wa nyuma.

Alizaliwa Machi 1871 katika kijiji cha Northam, kaunti ya Devon, kusini-magharibi mwa England. Baba yake alifariki yeye angali mdogo sana, na alipofikia umri wa miaka 11 aliacha shule ili ajitafutie riziki. Karibu na kijiji hicho ulikuwapo uwanja wa Westward Ho!, ulioanzishwa mwaka 1864 kwenye malisho ya pwani ambako kondoo na farasi walichunga pamoja na wachezaji. Huko Taylor alikuwa kedi, akiwabebea mabwana fimbo zao. Alitumika pia katika nyumba ya akina Hutchinson, ambao kijana wao Horace alikuja kuwa bingwa wa ridhaa. Aling'arisha viatu, na alipomfuata Horace uwanjani aliutazama mchezo wake kwa makini.

Alitamani uaskari, lakini jeshi lilimkataa kwa sababu za kiafya. Basi akaingia katika kikosi cha watunza uwanja wa Westward Ho!, na kabla ya kutimiza miaka 21 alikuwa amekwisha kuajiriwa kama mchezaji wa kulipwa huko Burnham, kaunti ya jirani ya Somerset.

Ushindi wa mwaka 1894 ulipatikana Sandwich, kusini-mashariki mwa England, na ilikuwa mara ya kwanza kwa mashindano hayo kufanyika nje ya Uskoti. Waskoti walijiona kuwa ndio wenye mchezo. Kijana huyu wa Devon aliwashinda kwa mikwaju mitano. Mwaka uliofuata aliwafuata nyumbani kwao, St Andrews, akashinda tena. Sifa yake kubwa ilikuwa shabaha. Palisimuliwa kwa mzaha kwamba vizuizi pekee alivyoviogopa ni vile viguzo vilivyosimikwa kuwaonyesha wachezaji njia, maana mipira yake ilielekea kuvigonga.

Alitwaa taji hilo mara tano kwa jumla: 1894, 1895, 1900, 1909 na 1913. Pamoja na Harry Vardon wa kisiwa cha Jersey na Mskoti James Braid, alishinda mashindano 16 kati ya 21 yaliyofanyika tangu 1894 hadi 1914. Mwaka 1914, pale Prestwick, Taylor na Vardon walikuwa na mataji matano kila mmoja. Taylor aliingia mzunguko wa mwisho akiongoza kwa mikwaju miwili. Akateleza, na Vardon akachukua taji la sita, rekodi ambayo haijavunjwa hadi leo.

Hata hivyo, mataji hayo hayaelezi kikamilifu kwa nini jina la Taylor lingali linatajwa. Katika zama zile mchezaji wa kulipwa alihesabiwa kuwa mtumishi. Alifundisha wanachama, akakarabati fimbo zao na kuwauzia mipira, lakini ukumbi wa klabu haukuwa wake. Mshahara ulikuwa mdogo, na aliyeugua au kuzeeka hakuwa na pa kukimbilia. Tegemeo lake lilikuwa kibanda cha vifaa, na baadhi ya klabu zilianza kumnyang'anya hata biashara hiyo ili faida iingie katika mfuko wa klabu.

Malalamiko hayo yalipofika magazetini mwaka 1901, Taylor aliyashika. Yeye na wenzake walianzisha chama cha wachezaji wa kulipwa wa London na kaunti za jirani, yeye akiwa mwenyekiti na Braid nahodha. Chama kiliweka mfuko wa kuwasaidia wenye shida na utaratibu wa kuwatafutia kazi wasio nayo. Muda si mrefu kikaenea Uingereza nzima, na mwaka 1903 kikapata gazeti la kudhamini mashindano yake. Ni chama hicho kinachojulikana leo kwa herufi PGA, na kilitangulia kile cha Marekani kwa miaka 15. Inafaa kukumbuka kwamba aliyekiongoza alikuwa na ajira ya kupoteza: tangu 1899 alikuwa mwajiriwa wa klabu ya Royal Mid-Surrey, alikobaki hadi 1946.

Hakuwasahau pia wale wasio na uwezo wa kulipa ada za klabu. Alishiriki kubuni viwanja vya umma katika bustani ya Richmond, London, ambavyo cha kwanza kilifunguliwa mwaka 1923. Miaka 10 baadaye, akiwa na umri wa miaka 62, aliiongoza Uingereza katika Kombe la Ryder dhidi ya Marekani huko Southport. Aliwaamsha wachezaji wake alfajiri wakakimbie ufukweni. Uingereza ikashinda kwa tofauti ya pointi moja, na haikuonja tena ushindi wa kombe hilo hadi 1957.

Mwaka huo huo wa 1957 klabu ya Westward Ho! ilimchagua kuwa rais wake. Wakati huo Taylor alikuwa amekwisha kurejea Northam, na huko ndiko alikofariki Februari 1963, akiwa na umri wa miaka 91.