Pango la Noeli Lianzie Kwenye Hori

Waumini wengi wakifika mbele ya pango la Noeli hutafuta kwanza sura ya Mtoto Yesu. Naomba tuanze na hori alimolazwa, maana ndiyo iliyobeba maana ya pango tangu mwanzo.

Krismasi ya mwaka 1223, huko Greccio, kijiji cha mlimani katikati ya Italia, Fransisko wa Asizi alimwomba rafiki yake Giovanni aandae hori, nyasi kavu, ng'ombe na punda. Tommaso wa Celano, mtawa wa shirika lake aliyeandika maisha ya Fransisko miaka michache baadaye, hataji mtu yeyote aliyeigiza Mariamu au Yosefu, wala sanamu ya Mtoto. Anachotaja ni Misa iliyoadhimishwa juu ya hori. Fransisko, aliyekuwa shemasi, aliimba Injili akahubiri. Mtu mmoja akaona katika maono mtoto amelala horini kama hana uhai, na Fransisko akimwamsha. Celano mwenyewe anafafanua maono hayo: Yesu alikuwa amesahaulika mioyoni mwa wengi, akaamshwa tena.

Kwa nini Misa juu ya hori? Kwa sababu hori ni mahali pa kulia chakula. Luka anaitaja mara tatu katika sura ya pili ya Injili yake, na malaika anawapa wachungaji hori hiyo kuwa ishara ya kumtambua Mwokozi. Karne nyingi kabla ya Greccio, Mtakatifu Augustino alikwisha kuhubiri kwamba aliyelazwa horini ndiye chakula chetu. Fransisko hakuwa anabuni mchezo wa kuigiza. Alitaka watu waone kwa macho yao unyonge wa Mungu Betlehemu, kisha waukute unyonge huohuo katika mkate altareni.

Ng'ombe na punda nao hawamo katika Luka. Wametoka kwa Isaya 1:3, ambapo nabii analalamika kuwa wanyama hao wanamjua bwana wao, lakini Israeli haijui. Katika majeneza ya mawe ya Wakristo wa karne ya 4, mara nyingine Mtoto huonekana kati ya wanyama hao wawili bila hata Mariamu. Kwa hiyo punda wa pangoni anatuhoji: wewe unamjua? Picha takatifu za Kanisa la Mashariki zinakwenda mbali zaidi. Hori huchorwa kama kaburi la mawe, na nguo za kitoto zinafungwa kama sanda, ili anayesali aone Pasaka tayari imo ndani ya Noeli.

Mamajusi wanatoka katika Mathayo, naye anasema waliingia nyumbani. Kwa hiyo wanaosogeza sanamu zao kidogo kidogo kuelekea pangoni hadi sikukuu ya Epifania wanafanya vema.

Kinachonisikitisha ni mapango ambamo taa za kumetameta na pamba ya kuigiza theluji vimeifunika hori kabisa. Wapambaji wana nia njema, ila wamekificha kitu ambacho malaika alikitaja kwa jina. Nawashauri wanaoandaa pango parokiani waiweke hori mbele, wazi, yenye nyasi halisi na bila Mtoto hadi Misa ya usiku. Na kama nafasi ipo, pango likae kwenye njia wanayopita waumini wakienda kupokea Komunyo.