Nani Aliwalisha Wachoraji wa New York?

Kanvasi haikutundikwa ukutani wala kuegemezwa kwenye stendi. Ilitandikwa sakafuni, ndani ya banda la mbao katika kijiji cha Springs kwenye kisiwa cha Long Island, na mchoraji akawa anaizunguka kutoka pande zote nne. Mkono mmoja ulishika kopo la rangi, ile ya kung'aa ambayo watu hupaka kwenye milango na madirisha. Mkono wa pili ulishika kijiti, au brashi iliyokwisha kukakamaa. Kijiti hakikugusa kanvasi. Jackson Pollock alikichovya, akakipitisha hewani, na rangi ikashuka kama uzi. Akiharakisha, uzi unakuwa mwembamba. Akipunguza mwendo, unanenepa. Akisita, rangi inatuama na kufanya kidimbwi.

Hivyo ndivyo ulivyozaliwa, mwaka 1950, mchoro uitwao Autumn Rhythm, wenye upana wa zaidi ya mita 5, ambao leo umo katika jumba la makumbusho la Metropolitan mjini New York. Kila unapoonyeshwa, hakosekani mtu wa kusema kwamba mwanawe wa chekechea angeweza kufanya vilevile. Mtu huyo na atazame kingo zake. Mistari mingi inageuka na kurudi ndani kabla haijafika ukingoni, na nyeusi, nyeupe na kahawia zimepandana tabaka kwa tabaka bila kugeuka tope. Rangi iliyomwagwa ovyo haina adabu hiyo. Pollock alijua uzito wa kila kopo na umbali wa kila hatua, na ujuzi huo aliupata kwa miaka mingi ya kazi.

Aina hii ya uchoraji ilipewa jina la ekspreshonizimu dhahania. Mwaka 1946 mhakiki Robert Coates wa jarida la The New Yorker alilitumia kuwaelezea wachoraji wa jiji lake, nalo likawaganda ingawa wenyewe hawakulipenda sana. Hawakuwa na mtindo mmoja. Pollock na Willem de Kooning walifuata nguvu ya mkono: mpigo wa brashi, mchirizi, mkwaruzo. Mark Rothko na Barnett Newman walifuata rangi yenyewe, iliyotandazwa katika maeneo mapana ili mtazamaji asimame karibu na kuzamishwa nayo. Kilichowaunganisha ni imani kwamba mchoro unaweza kubeba hofu, huzuni na furaha ya binadamu bila kuonyesha uso wa mtu, mti wala nyumba.

Hofu na huzuni walikuwa nazo za kutosha. Arshile Gorky alikuwa Muarmenia aliyenusurika mauaji ya watu wake katika dola ya Waturuki. Mama yake alifariki kwa njaa mwaka 1919, na mwaka uliofuata kijana huyo akaingia Marekani. Rothko alizaliwa Dvinsk, mji ambao leo uko Latvia, katika familia ya Kiyahudi iliyohamia Oregon akiwa mtoto. De Kooning aliondoka Rotterdam mwaka 1926 akiwa amejificha ndani ya meli, bila hati za kusafiria.

Kisha ukaja Mdororo Mkuu wa miaka ya 1930. Nani angenunua picha wakati watu wanapanga foleni za mkate? Hapo serikali ya Rais Franklin Roosevelt ikafanya jambo ambalo halisemwi vya kutosha: kuanzia mwaka 1935, kupitia mpango wa kazi za umma, iliwalipa wachoraji mshahara kama ilivyowalipa wajenzi wa barabara. Ulikuwa kama dola 23 kwa wiki. Pollock, Rothko, de Kooning, Gorky, Lee Krasner na Norman Lewis wote walipita humo. Kwa mara ya kwanza vijana hawa waliweza kushinda kutwa nzima na brashi, wakafahamiana na kubishana usiku kucha. Bila mshahara ule ni vigumu kuona kundi hili lingetoka wapi.

Walimu nao hawakukosekana. Mwaka 1936 Mmeksiko David Alfaro Siqueiros, mchoraji wa kuta za umma na mwanamapinduzi, alifungua karakana New York akawafundisha vijana kutumia rangi za viwandani, kuzimwaga na kuzipuliza. Pollock alikuwamo. Vita vya Pili vya Dunia viliposambaa Ulaya, wasanii wakubwa wa Paris walikimbilia New York, na tajiri Peggy Guggenheim, aliyerudi kutoka huko, akafungua ukumbi wake wa maonyesho mwaka 1942. Mwaka uliofuata alimwekea Pollock posho ya dola 150 kwa mwezi na kumwagiza mchoro wa upana wa mita 6 kwa ajili ya ukumbi wa kuingilia nyumba yake. Mwezi Agosti 1949 jarida la Life likawauliza wasomaji wake kama Pollock ndiye mchoraji mkuu kuliko wote walio hai nchini Marekani. Wengi walicheka, lakini jina lilikuwa limeshatoka.

Wanasiasa hawakuwa na hamu ya kucheka. Mwaka 1946 wizara ya mambo ya nje ilikuwa imenunua michoro ya kisasa ili kuitembeza ng'ambo. Magazeti na wabunge wakaja juu, wakidai ni upotevu wa kodi na kwamba baadhi ya wachoraji ni wakomunisti. Maonyesho yakarudishwa nyumbani na michoro ikauzwa kwa bei ya kutupa. Serikali iliyowalipa mshahara wachoraji miaka kumi nyuma sasa iliogopa hata kuonekana nao.

Vita Baridi vikabadilisha hesabu. Urusi ya Kisovieti iliwaamuru wachoraji wake wachore wakulima na wafanyakazi wenye afya. Marekani ilitaka kuionyesha dunia kwamba kwake msanii yuko huru. Mwaka 1950 ulianzishwa Umoja wa Uhuru wa Utamaduni, makao yake Paris, ambao uligharimia majarida, mikutano na maonyesho. Miaka ya 1958 na 1959, Makumbusho ya Sanaa ya Kisasa ya New York yalitembeza kazi za wachoraji 17 katika nchi nane za Ulaya. Baadaye, mwaka 1966 na 1967, ilifichuka kwamba fedha za Umoja ule zilitoka kwa siri katika shirika la ujasusi, CIA.

Habari hizo ziligonga hadi Afrika Mashariki. Umoja huohuo ndio uliogharimia mkutano wa waandishi wa Kiafrika uliofanyika Makerere mwaka 1962, ambao Ngũgĩ wa Thiong'o alihudhuria akiwa bado mwanafunzi, na ndio uliolisaidia jarida la Transition la Kampala. Wanahistoria bado wanabishana kuhusu kiasi gani majasusi waliusukuma uchoraji huu. Ninachokiona mimi ni hiki: Pollock alianza kumwaga rangi mwaka 1947, kabla Umoja ule haujawapo, na hakuna jasusi aliyemfundisha. Lakini umaarufu ni kitu kingine. Kazi gani ipakiwe merikebuni na ipi ibaki stoo, hilo liliamuliwa na wenye fedha, wala wachoraji hawakuulizwa.

Mwaka 1951 jarida la Life lilichapisha picha ya wachoraji waliokuwa wameyalalamikia makumbusho ya Metropolitan kwa kuidharau sanaa mpya. Wamo watu 15, wamevaa suti, nyuso zimekunjwa. Mwanamke ni mmoja tu, Hedda Sterne, amesimama nyuma kabisa. Mtu mweusi hayumo hata mmoja. Kwa miaka mingi picha hiyo ilichukuliwa kuwa ndiyo orodha kamili.

Norman Lewis alipaswa kuwamo. Alizaliwa Harlem mwaka 1909, wazazi wake wakitokea visiwa vya Bermuda, na mwaka 1950 alishiriki mikutano ya wachoraji hao hao kuhusu njia yao mpya. Mchoro wake Migrating Birds ulipigiwa kura na watazamaji kuwa bora katika maonyesho makubwa ya Pittsburgh mwaka 1955. Kazi zake zinadai subira: mistari myembamba inasongamana katikati ya giza au ukungu wa rangi, na ukiitazama kwa muda unaanza kuona umati wa watu wanaotembea. Katika American Totem ya mwaka 1960, nyeupe juu ya nyeusi, unainuka umbo lenye ncha kama kofia za Ku Klux Klan, kundi la wabaguzi wa rangi, na ndani yake nyuso za kutisha. Mchoro huo ni wa dhahania na ni wa kisiasa kwa pamoja, jambo ambalo wahakiki wengi wa siku zile walisema haliwezekani. Lewis alifariki mwaka 1979. Maonyesho makubwa ya kwanza ya kazi zake zote yalifunguliwa Philadelphia mwaka 2015.

Na Lee Krasner? Mwalimu wake Hans Hofmann aliwahi kumsifu kwamba kazi yake ni nzuri kiasi cha mtu kutojua imefanywa na mwanamke. Alifunga ndoa na Pollock mwaka 1945. Mume akachukua banda. Mke akachorea katika chumba cha kulala cha ghorofani, michoro midogo inayotosha mezani. Agosti 1956 Pollock, akiwa amelewa, alipata ajali ya gari alilokuwa akiendesha, akafa. Krasner akahamia bandani. Mwaka uliofuata alimaliza The Seasons, mchoro wa upana wa mita 5, umejaa kijani na waridi, maumbo yake yakivimba kama matunda yaliyoiva. Baadaye, usingizi ulipomkimbia, alichora usiku kwa kahawia na nyeupe tu, kwa sababu hakuuamini mwanga wa taa kwenye rangi nyingine.

Alifariki Juni 1984, miezi sita kabla Makumbusho ya Sanaa ya Kisasa hayajafungua maonyesho ya kazi za maisha yake. Wosia wake uliacha takriban dola milioni 23, fedha taslimu na michoro, kuanzisha mfuko wa kuwasaidia wachoraji na wachongaji wenye shida. Mfuko huo, wenye jina lake na la mumewe, ulianza kazi mwaka 1985 na hadi leo unapokea maombi kutoka nchi yoyote: kodi ya karakana, rangi, au bili ya hospitali.