Rutuba ya Udongo na Matumizi ya Mbolea

Katika somo lililopita tulijifunza kwamba mmea hujitengenezea chakula kwa kutumia mwanga wa jua, maji na hewa ya kabonidayoksaidi. Lakini vitu hivyo peke yake havitoshi. Mmea huhitaji pia virutubisho ambavyo mizizi yake huvifyonza kutoka udongoni vikiwa vimeyeyuka katika maji. Udongo wenye virutubisho vya kutosha huitwa udongo wenye rutuba.

Kinachoondoka pamoja na mavuno

Baada ya mavuno, ukisimama kando ya barabara kuu mjini Tunduma, mpakani mwa Tanzania na Zambia, utaona malori yaliyosheheni magunia ya mahindi, maharage na mchele. Mengi ya mazao hayo hutoka Mbozi, Momba na sehemu nyingine za Mkoa wa Songwe, ulioanzishwa mwaka 2016 kwa kuugawa Mkoa wa Mbeya.

Mkulima huhesabu magunia na fedha. Sisi tuhesabu kitu kingine. Gunia la mahindi lenye uzito wa kilo 100 hubeba kiasi cha kilo moja na nusu ya naitrojeni. Kwa hiyo mkulima anayeuza magunia 20 ameuza pia karibu kilo 30 za naitrojeni ya shamba lake. Asiporudisha kitu chochote, mahindi ya mwaka unaofuata hukuta udongo uliopungukiwa.

Zamani wakulima waliacha shamba lililochoka lipumzike kwa miaka mingi mpaka rutuba irudi. Siku hizi watu wameongezeka, na mashamba mengi hulimwa kila mwaka. Hivyo mkulima hana budi kurudisha mwenyewe kile kilichoondoka.

Virutubisho vitatu vikuu

Naitrojeni hujenga majani na kuyapa rangi ya kijani. Ikipungua, majani ya chini hugeuka manjano, na mmea hudumaa.

Fosforasi husaidia mizizi kukua na mbegu kukomaa. Ikipungua, majani ya miche ya mahindi huwa na rangi ya zambarau, na mpunga hutoa machipukizi machache.

Potasiamu huimarisha shina na kuusaidia mmea kustahimili magonjwa na ukame. Ikipungua, kingo za majani ya chini hukauka kana kwamba zimeungua.

Kirutubisho kilicho haba kuliko vyote

Chukua ndoo iliyotobolewa matundu matatu ubavuni, moja chini, la pili katikati na la tatu juu. Ukiijaza maji, maji yatashuka mpaka kwenye tundu la chini kabisa. Hata ukiziba yale matundu mawili ya juu, maji hayatabaki juu ya tundu hilo.

Mimea nayo iko hivyo. Katika karne ya 19 mwanakemia wa Ujerumani, Justus von Liebig, alieleza kwamba kirutubisho kilicho haba kuliko vyote ndicho kinachopunguza mavuno. Kuongeza virutubisho vingine hakusaidii.

Tumfikirie mkulima ambaye mahindi yake yana majani ya zambarau. Anauza mbuzi wake na kununua mfuko wa urea wa kilo 50. Mfuko huo una kilo 23 za naitrojeni, lakini hauna fosforasi hata kidogo. Mahindi yake hayatapona, na mbuzi amekwisha kuuzwa. Kabla ya kununua mbolea ni lazima kujua udongo umepungukiwa na nini. Bwana shamba anaweza kuangalia dalili za mimea, na sampuli ya udongo inaweza kupimwa katika maabara, kama vile ya kituo cha utafiti wa kilimo cha Uyole, Mbeya.

Katika nyanda za juu zenye mvua nyingi, maji huyeyusha chokaa ya asili na kuipeleka chini, na udongo huwa na asidi nyingi. Katika udongo wa namna hiyo fosforasi hushikwa na chuma na alumini, na mizizi haiwezi kuifyonza. Chokaa na samadi husaidia kupunguza tatizo hilo.

Wakati na mahali pa kutia mbolea

Mbolea yenye fosforasi, kama vile DAP, hutiwa wakati wa kupanda, kwa sababu mizizi michanga huihitaji mapema. Hii ndiyo mbolea ya kupandia. Wakulima wengi huipima kwa kizibo cha soda katika kila shimo. Ni lazima ifunikwe kwa udongo kabla ya kuweka mbegu. Mbolea ikigusa mbegu, huinyang'anya maji na kuiunguza.

Urea na CAN hutiwa mimea ikiwa imekwisha kukua kiasi. Hizi huitwa mbolea za kukuzia. Urea iliyoachwa juu ya ardhi hugeuka amonia na kuruka hewani, kwa hiyo ifukiwe.

Mpunga una mambo yake. Katika tambarare za Kamsamba, wilayani Momba, mpunga hulimwa katika majaruba yenye maji. Udongo uliofunikwa na maji hukosa oksijeni. Bakteria waishio humo huchukua oksijeni iliyomo katika naitreti, na naitrojeni inayobaki hupotea hewani. Kwa sababu hiyo CAN, yenye naitreti, haifai sana katika majaruba. Urea hufaa zaidi. Maji hupunguzwa kwanza, urea huchanganywa na tope, kisha maji hurudishwa. Mbolea hugawanywa: sehemu moja hutiwa mpunga unapotoa machipukizi, na nyingine unapokaribia kutunga mimba.

Sehemu kubwa ya potasiamu ya mpunga hubaki katika mabua. Mabua yakichomwa, naitrojeni yake huondoka na moshi. Ni afadhali yaozeshwe na kurudishwa jarubani.

Mbolea za asili

Samadi na mboji hazina virutubisho vingi kama mbolea za viwandani, lakini huufanya udongo ushike maji na virutubisho. Maharage na karanga zina vinundu katika mizizi. Bakteria waliomo huchukua naitrojeni ya hewani na kuigawia mimea. Kwa hiyo ni vizuri kubadilisha mazao, mwaka huu mahindi, mwaka ujao maharage.

Jaribio

Chukueni makopo matatu yenye matundu chini. Yajazeni udongo wa shamba lililolimwa miaka mingi. Katika kopo B changanyeni samadi iliyooza. Pandeni mahindi katika makopo yote. Miche ikitoa majani manne, fukieni chembe tano za urea katika kopo C, mbali kidogo na shina. Mwagilieni maji kwa kiasi kilekile. Kila juma pimeni urefu wa miche na kuandika rangi ya majani.

Maswali

1. Kwa nini kopo A halikutiwa kitu?
2. Shamba limetoa magunia 16 ya mahindi, nayo yote yameuzwa. Kiasi gani cha naitrojeni kimeondoka? Je, naitrojeni ya mfuko mmoja wa urea inalingana na kiasi hicho?
3. Kwa nini CAN haifai sana katika jaruba lililojaa maji?
4. Waulizeni wazazi wenu ni mazao gani na mbolea gani zimetumika katika shamba lenu kwa miaka mitatu iliyopita. Je, shamba limerudishiwa kile lilichotoa?