Iran: Kwa Nini Upinzani Ulihamia Msikitini?

Katika semina za kamati za sharika swali hili hurudi mara kwa mara: je, utawala wa mabavu katika nchi za Waislamu unatokana na dini yao? Tunaitazama hapa Iran, maana historia yake haikubali jibu la haraka.

Machi 1951 Bunge la Iran lilipitisha sheria ya kutaifisha mafuta. Hadi wakati huo yalikuwa mikononi mwa kampuni ya Waingereza, na kodi ambayo kampuni hiyo ililipa kwao ilizidi malipo iliyoipa Iran. Waziri Mkuu Mohammad Mossadegh, mwanasheria na wala si shehe, ndiye aliyesimamia utekelezaji. Uingereza ikazuia mafuta hayo yasinunuliwe, uchumi ukayumba, na Agosti 1953 mashirika ya ujasusi ya Marekani na Uingereza yakasaidia kumpindua. Hayakuwa peke yake: maofisa wa jeshi na hata baadhi ya viongozi wa dini walikuwa wamemgeuka. Mwaka 2013 CIA ilitoa hati zinazokiri kuhusika kwake. Mossadegh alifungwa miaka 3, kisha akazuiliwa kijijini kwake hadi alipofariki mwaka 1967.

Wafadhili na wanaofadhiliwa wapaangalie hapa. Shah Mohammad Reza Pahlavi aliimarishwa kwa fedha za mafuta na silaha kutoka nje. Mtawala asiyetegemea kodi ya raia haoni haja ya kuwasikiliza. Kweli, alijenga shule, na wanawake walipata haki ya kupiga kura mwaka 1963. Lakini mwaka 1957 iliundwa polisi ya siri, SAVAK, kwa msaada wa Marekani na Israeli, na mwaka 1975 kikabaki chama kimoja tu.

Msikiti ndio uliobaki. Nani angezuia watu kusali, kuzika, au kusoma arobaini? Januari 1978 waandamanaji waliuawa Qom. Arobaini yao ikaleta maandamano na vifo Tabriz, na arobaini ya hao ikazaa mengine. Hotuba za Ayatollah Khomeini, aliyekuwa uhamishoni tangu 1964, zilipita mkono kwa mkono katika kanda za kaseti.

Januari 1979 Shah aliondoka nchini. Wanafunzi, wafanyakazi wa mafuta waliogoma na vyama vya kijamaa wote walimpinga, ila waliokuwa na mtandao hadi vijijini ni maulamaa, na wao ndio walioshika dola. Katiba mpya ya mwaka huo ilimpa kiongozi wa dini madaraka kumzidi Rais aliyechaguliwa. Chama cha kikomunisti cha Tudeh, kilichowaunga mkono, kilipigwa marufuku mwaka 1983. Gereza la Evin mjini Tehran, lililojengwa enzi za Shah, halikukosa wafungwa.