Njaa Katika Nchi ya Barafu

Mchana wa tarehe 14 Desemba 1912, wanaume watatu walikuwa wakikatiza uwanda wa barafu katika Antaktika, kiasi cha kilomita 500 kutoka kambini kwao. Mbele alitangulia Xavier Mertz, Mswisi hodari wa kuteleza kwa skii, akikagua njia. Nyuma yake alikuwa kiongozi wao, Douglas Mawson, mwanajiolojia kutoka Australia, na sleji iliyovutwa na mbwa. Wa mwisho alikuwa Belgrave Ninnis, luteni Mwingereza wa miaka 25, akitembea kando ya sleji ya pili. Mertz aliinua fimbo kuashiria kwamba ameona ufa uliofunikwa na theluji. Mawson akavuka salama, akageuka na kumwonya Ninnis, kisha akaendelea na hesabu zake za ramani. Muda si mrefu Mertz alitazama nyuma, akasimama ghafla. Mawson naye akageuka. Nyuma yake hapakuwa na mtu wala mbwa, ila alama za sleji yake mwenyewe.

Walirudi mbio, wakakuta shimo pana. Mita kama 45 chini, kwenye ukingo mwembamba wa barafu, mbwa mmoja alikuwa akilia, mgongo umevunjika. Chini zaidi kulikuwa na giza tupu. Waliunganisha kamba zote walizokuwa nazo, hazikufika hata kwa yule mbwa. Wakaita jina la Ninnis kwa zaidi ya saa tatu, bila jibu.

Pamoja na Ninnis, ufa ule ulimeza hema, karibu chakula chote cha watu, chakula chote cha mbwa, na mbwa sita wenye nguvu kuliko wenzao. Sleji yake ndiyo iliyopakiwa vitu vya thamani, kwa sababu walidhani kama kuna ajali, itaipata sleji ya mbele. Ilikuwa hesabu ya busara, na iliwaponza. Waliobaki hai walikuwa na chakula cha wiki moja na nusu hivi, na safari ya kurudi iliyohitaji wiki nyingi. Wakageuza njia siku ileile.

Kuanzia hapo waliishi kwa kula mbwa waliobaki. Wanyama wale walikuwa wamekonda mno. Nyama yao ilikuwa mishipa mitupu, ngumu kutafuna. Maini ndiyo yaliyokuwa laini, kwa hiyo yalithaminiwa, na Mertz aliyeanza kudhoofika alikula kwa wingi. Ngozi za wote wawili zikaanza kubambuka na nywele kunyonyoka. Mertz aliharisha, akapoteza nguvu, kisha akawa anaweweseka. Ilifika hatua akaing'ata ncha ya kidole chake mwenyewe kwa sababu hakuamini kwamba kimeumizwa na baridi. Alifariki usiku wa kuamkia tarehe 8 Januari 1913, wakati kambi ikiwa bado kilomita 160 mbele.

Kwa miaka mingi kifo hicho kilihesabiwa kuwa ni njaa na uchovu. Mwaka 1969 wataalamu wawili wa Australia, John Cleland na R. V. Southcott, walitoa maelezo mengine: huenda Mertz alilishwa sumu na yale maini. Maini ya mbwa wa nchi za baridi hukusanya vitamini A kwa wingi wa kutisha, na vitamini hiyo ikizidi mwilini huleta dalili zilezile zilizomtesa, yaani kubambuka ngozi, maumivu ya tumbo, kichwa kuuma na akili kuvurugika. Wapo wanaopinga, wakisema baridi na njaa vilitosha kumuua. Lakini dalili zinafanana mno kupuuzwa.

La kusikitisha ni kwamba onyo lilikuwepo tangu zamani. Wainuiti, wenyeji wa Aktiki, hawali ini la dubu mweupe. Na mwaka 1597 mabaharia Waholanzi wa Willem Barents, waliokwama majira yote ya baridi katika visiwa vya Novaya Zemlya, walikula ini la dubu wakaugua vibaya. Watatu kati yao wakabambuka ngozi kutoka utosini hadi miguuni. Habari hiyo iliandikwa na kuchapishwa na mwenzao, Gerrit de Veer. Miaka zaidi ya 300 baadaye, hemani mwa Mawson, haikumsaidia mtu.

Mawson aliendelea peke yake. Alikata sleji nusu kwa msumeno mdogo ili apunguze uzito. Alipovua soksi alikuta nyayo zimebanduka, ngozi nzima nene ya chini imeachana na nyama. Akapaka mafuta, akazirudisha nyayo zake mwenyewe mahali pake, akazifunga kwa bendeji, akavaa jozi sita za soksi, akatembea. Tarehe 17 Januari alitumbukia ufani na kubaki akining'inia kwenye kamba aliyojifunga kwenye sleji, mita nne chini. Alipanda fundo kwa fundo mpaka akafika ukingoni, ukingo ukakatika, akaanguka tena mpaka mwisho wa kamba. Ameandika kwamba alifikiria kujifungua na kuacha yaishe. Akapanda mara ya pili.

Tarehe 29 Januari aliona kitu cheusi ndani ya theluji. Ulikuwa mfuko wa chakula ulioachwa na wenzake waliomtafuta, nao walikuwa wameondoka mahali pale asubuhi ileile. Siku chache baadaye alifika kwenye pango la barafu walilolitumia kama ghala, kilomita tisa tu kutoka kambini, akakuta machungwa matatu na nanasi moja. Kwa msomaji anayeyaona matunda hayo kila siku gengeni ni vigumu kupima furaha ya mtu yule. Kisha dhoruba ikamfungia pangoni wiki nzima. Aliposhuka kambini, tarehe 8 Februari, meli yao Aurora ilikuwa imeng'oa nanga saa chache tu kabla. Ilirudishwa kwa simu ya upepo, lakini bahari ilichafuka na mashua haikuweza kufika pwani. Watu sita walikuwa wamebaki kumsubiri. Wakakaa naye huko hadi Desemba 1913.

Safari nyingi za zama hizo zilikuwa na mateso ya namna hii, na ukizisoma kwa makini unaona kwamba baridi haikuwa ikiua peke yake. Ilishirikiana na tumbo. Ugonjwa ulioogopwa kuliko yote ulikuwa kiseyeye, unaotokana na ukosefu wa vitamini C. Mwili wa binadamu hauwezi kuitengeneza vitamini hiyo, tofauti na mwili wa mbwa. Ikikosekana kwa miezi kadhaa, nyuzi zinazoshikilia nyama na ngozi hulegea: fizi huvimba na kutoa damu, meno hucheza, miguu hupiga weusi, na makovu ya miaka iliyopita hufunguka tena.

Jeshi la Wanamaji la Uingereza lilianza kuwapa mabaharia wote maji ya malimau mwaka 1795, na kiseyeye kikapungua sana. Baadaye, katikati ya karne ya 19, malimau yakabadilishwa na ndimu kutoka visiwa vya Karibi bila mtu kujua kwamba zina vitamini hiyo kidogo zaidi. Msafara wa George Nares ulipokwenda Aktiki mwaka 1875 ulibeba maji ya ndimu, na bado watu wakaugua kiseyeye. Madaktari wengi wakageukia imani kwamba ugonjwa hutokana na nyama ya makopo iliyoharibika. Kwa hiyo misafara iliyofuata ilikagua makopo kwa bidii huku dawa yenyewe ikiogelea karibu na meli.

Walioiona dawa hiyo walikuwa kwenye meli ya Kibelgiji Belgica, iliyonaswa na barafu ya bahari karibu na Antaktika kuanzia Machi 1898. Jua lilizama katikati ya Mei na halikuonekana tena mpaka Julai. Kiongozi wao, Adrien de Gerlache, aliichukia nyama ya sili na pengwini. Wengi wakadhoofika, wengine akili zikayumba. Daktari wao, Mmarekani Frederick Cook, aliwahi kuishi na Wainuiti wa Greenland, akaona kwamba watu wasiolima mboga wala matunda hawaugui kiseyeye. Walikula nyama mbichi au isiyoiva sana, na ngozi ya nyangumi. Basi akawashurutisha wagonjwa kula sili na pengwini wabichi au waliopikwa kidogo, na kuwakalisha mbele ya jiko lenye moto. De Gerlache mwenyewe mwishowe akakubali kula, akapona.

Aliyemsaidia Cook kazi hiyo alikuwa kijana wa Kinorwe, Roald Amundsen. Kati ya 1903 na 1905 Amundsen alikaa na Wainuiti wa Netsilik kaskazini mwa Kanada, akajifunza kuendesha mbwa na kuvaa manyoya yaliyolegea, ambayo huacha hewa ipite na jasho litoke. Jambo hili la jasho ni kubwa. Julai 1911, Waingereza watatu, Edward Wilson, Henry Bowers na Apsley Cherry-Garrard, walivuta sleji zao wenyewe gizani kwenda kutafuta mayai ya pengwini huko Cape Crozier. Friza ya nyumbani huwa kwenye nyuzi 18 chini ya sifuri. Wao walipima nyuzi 60 chini ya sifuri. Jasho liliganda ndani ya nguo zao. Asubuhi moja Cherry-Garrard alitoka hemani, akainua kichwa kutazama, na ndani ya sekunde chache nguo zikakauka kama mbao. Akavuta sleji saa nne nzima shingo imekakamaa vilevile. Miezi mitano baada ya safari hiyo, Amundsen alifika Ncha ya Kusini, akiwa amevaa kama walimu wake.

Wainuiti walikuwa na maarifa mengine pia, ambayo Ulaya ilichelewa sana kuyapokea. Mwaka 1845 meli Erebus na Terror za Sir John Franklin zilikwenda kutafuta njia ya bahari kaskazini mwa Kanada zikiwa na watu 129, na hakuna aliyerudi. Mwaka 1854 daktari na mpimaji John Rae aliambiwa na Wainuiti kwamba Wazungu wale walikufa kwa njaa wakiwa njiani kwa miguu, na mwishowe wakala maiti za wenzao. Aliwaletea Waingereza vijiko vya maofisa waliokufa kama ushahidi. London ikakasirika, na mwandishi Charles Dickens akaandika kwamba maneno ya watu wale hayaaminiki. Katika miaka ya 1990 wanasayansi walichunguza mifupa ya mabaharia hao, wakakuta alama za visu.

Meli zenyewe zilipatikana mwishoni kabisa. Erebus ilionekana mwaka 2014, kusini mwa kisiwa cha King William, katika eneo ambalo masimulizi ya Wainuiti yalikuwa yakilitaja tangu karne ya 19. Terror ikafuata mwaka 2016, baada ya Muinuiti Sammy Kogvik kuwaeleza watafutaji kwamba miaka kadhaa nyuma, akiwa kwenye safari ya kuvua, aliona mlingoti umechomoza kwenye barafu ya ghuba moja. Wakaenda kwenye ghuba aliyoitaja, wakaikuta meli chini ya maji.