Mkopo wa milioni 100 unaolipwa 352

Mdogo wangu alifika Jumapili akitoka kanisani, bahasha ya kaki mkononi, akakaa barazani na kuifungua hata maji hajanywa. Ndani mlikuwa na karatasi za mkopo wa nyumba. Nyumba yenyewe iko Kigamboni, vyumba vitatu, hati safi, bei milioni 125. Yeye na mumewe walikuwa wamedunduliza milioni 25 kwa miaka tisa. Benki ilikuwa tayari kuwapa milioni 100 zilizobaki, kwa riba ya asilimia 17 kwa mwaka, walipe kwa miaka 20.

"Kaka, rejesho ni milioni moja na laki nne na ushee kwa mwezi," akasema. "Tumekaa na shemeji yako tukapiga hesabu ya ada, nauli na chakula. Tutaimudu."

Nikamwuliza: mpaka shilingi ya mwisho ilipwe, zitakuwa zimetoka ngapi? Akapekua karatasi, akarudi ukurasa wa kwanza, akaninyamazia. Hakuwa ameuliza, na afisa mikopo hakuwa amemtajia. Sikumlaumu. Sote tunauliza kwa mwezi. Kodi ya chumba tunaihesabu kwa mwezi, mshahara unaingia kwa mwezi, mchezo wa upatu tunacheza kwa mwezi. Lakini kwenye mkopo wa nyumba swali hilo linakuonyesha kama utaweza kulipa, halikuonyeshi unanunua kwa bei gani.

Tukachukua simu, tukazidisha. Rejesho kamili lilikuwa shilingi 1,466,801. Miezi ni 240. Jibu likatoka 352,032,240. Yaani mkopo wa milioni 100 ungerudishwa kwa milioni 352, na 252 kati ya hizo ni riba. Ongeza milioni 25 walizotanguliza, nyumba ya 125 inakuwa imewagharimu 377. Mdogo wangu akaomba turudie. Tukarudia, ikatoka ileile.

Hapa ndipo watu wengi husema benki ni wezi, na mazungumzo huishia hapo. Mimi nadhani ni hasara kubwa kuishia hapo, kwa sababu namna hesabu hiyo inavyokwenda ndiyo inayompa mkopaji nafasi ya kujiokoa, na nafasi hiyo iko mwanzoni.

Mikopo ya nyumba kwa kawaida hutozwa riba kwenye salio, yaani kwenye kile ambacho bado unadaiwa. Mwezi wa kwanza mdogo wangu angedaiwa milioni 100 zote. Asilimia 17 ya hizo, ukiigawa kwa miezi 12, ni shilingi 1,416,667. Kwa hiyo katika rejesho lake la 1,466,801, riba ingechukua yake kwanza, na deni lenyewe lingepunguzwa kwa 50,134 tu. Mwezi wa pili salio ni dogo kidogo, riba inashuka kidogo, deni linapungua zaidi kidogo. Ni kama kumwaga maji kwa kijiko kutoka kwenye pipa, huku kijiko kikikua polepole sana.

Mwaka wa kwanza ukiisha, familia ingekuwa imelipa zaidi ya milioni 17.6, na deni lingekuwa limeshuka kwa takriban laki sita na nusu. Miaka mitano ikiisha, wamelipa milioni 88 na bado wanadaiwa zaidi ya 95. Miaka kumi, nusu ya safari, wamelipa milioni 176, salio ni milioni 84 na ushee. Nusu ya deni ingekwisha mwaka wa 17. Mtoto wao wa darasa la pili angekuwa ameshamaliza chuo.

Nimewahi kukaa na mtu aliyekatwa mshahara kwa miaka sita kulipia mkopo wa nyumba, akaamua kuuza nyumba ahamie mkoa mwingine, akaenda benki kuuliza anadaiwa kiasi gani. Alitoka pale akiamini wamemwibia. Hawakumwibia. Jedwali la marejesho lilikuwa kwenye mkataba wake siku zote, likionyesha kila mwezi riba ni ngapi, deni limepungua kiasi gani, salio limebaki ngapi. Hakuna aliyemfunulia ukurasa ule akamwambia: soma safu ya mwisho. Kanuni za Benki Kuu ya Tanzania za mwaka 2019 za kumlinda mtumiaji wa huduma za fedha zinataka mkopaji aelezwe gharama zake kabla ya kusaini. Kwangu mimi, kumpa mtu karatasi si kumweleza.

Kwa nini riba yetu iko juu hivyo? Benki nyingi hukusanya amana za muda mfupi, fedha ambazo mwenyewe anaweza kuzitaka kesho, na ni vigumu kuzifunga kwenye nyumba kwa miaka 20. Nchi iliwahi kuwa na Benki ya Nyumba ya Tanzania, iliyoanza miaka ya 1970 na kufungwa mwaka 1995, na baada yake kwa muda mrefu mtumishi wa kawaida hakuwa na mahali pa kuulizia mkopo wa aina hii. Mwaka 2008 Bunge lilitunga sheria ya mikopo ya nyumba na ile ya umiliki wa sehemu ya jengo. Mwaka 2010 ikaanzishwa TMRC, kampuni inayozikopesha benki fedha za muda mrefu ili nazo ziwakopeshe wananchi kwa muda mrefu. Riba zilizokuwa zikivuka asilimia 20 zimeshuka, na kwa miaka ya karibuni zimekuwa zaidi kati ya 15 na 19. Ni hatua. Lakini mfumuko wa bei umekuwa chini ya asilimia 5 kwa miaka kadhaa, kwa hiyo anayelipa asilimia 17 anabeba riba ya kweli, ambayo haipunguzwi sana na kushuka kwa thamani ya shilingi. Wanaosema laki za leo zitakuwa si kitu baada ya miaka 20 wana ukweli kidogo tu.

Kuna jambo jingine kwenye karatasi zile ambalo mdogo wangu alikuwa amelipita: sentensi inayosema riba inaweza kubadilika kufuatana na hali ya soko. Wakenya wanalijua hilo. Mwishoni mwa mwaka 2011 Benki Kuu ya Kenya, ikipambana na mfumuko wa bei na kuporomoka kwa shilingi, ilipandisha riba yake hadi asilimia 18, na riba za mikopo ya nyumba zikapita 20. Watu waliokuwa wakilipa vizuri walijikuta rejesho limepanda au miaka imeongezwa. Uchungu wa nyakati zile ulichangia kuipata sheria ya mwaka 2016 iliyoweka ukomo wa riba, ambayo nayo ilifutwa mwaka 2019 baada ya benki kubana mikopo.

Chukua mkopo wa mdogo wangu, riba ipande kutoka 17 hadi 20 mwezi ule wa kwanza. Riba peke yake ingekuwa 1,666,667, kubwa kuliko rejesho zima. Angelipa kila mwezi kwa uaminifu na deni lingekuwa linaongezeka. Kwa hiyo mwenye mkataba wa riba inayobadilika hana budi kuuliza inabadilika kwa kufuata nini, nani anaamua, na atajulishwa siku ngapi kabla.

Gharama nyingine ni ndogo zikitazamwa mojamoja. Mthamini analipwa, wakili analipwa, ushuru wa stempu, usajili wa rehani, ada ya benki ya kushughulikia mkopo. Kuna bima ya nyumba na bima ya maisha ya mkopaji, ambayo mimi naona ina thamani yake, kwani mkopaji akifariki deni halimwangukii mjane. Uliza tu kama inalipwa kila mwaka au imeingizwa kwenye mkopo, maana ikiingizwa, nayo inatozwa riba miaka yote 20. Kodi ya jengo siku hizi inakatwa kupitia umeme wa LUKU, na kodi ya ardhi inadaiwa kila mwaka. Mwenye ghorofa ya pamoja ana mchango wa lifti, walinzi na maji. Na nyumba ni kitu kinachochakaa, bati na mabomba havingojei umalize deni.

Shemeji, aliyekuwa amejiunga nasi, akauliza swali la haki: basi si bora tukajenga wenyewe, polepole, kama baba zetu? Mfuko wa saruji ukiwa 17,000, rejesho lile lingenunua mifuko zaidi ya 80 kila mwezi. Ni kweli, na Watanzania wengi wamejenga hivyo, mwaka huu msingi, mwaka kesho kuta, siku mfuko ukiruhusu kupaua. Anayefanya hivyo hadaiwi na mtu. Lakini njia hiyo nayo ina riba yake, ingawa haiandikwi popote. Nyumba iliyofika lenta hailaliwi. Miaka minane tofali zinaota nyasi, nondo zinashika kutu, fundi wa kwanza anaondoka na wa pili anabomoa alichofanya mwenzake, na kodi ya nyumba ya kupanga inaendelea, tena kwa miezi sita au mwaka kwa mkupuo. Anayepanga kwa laki tano kwa mwezi anatoa milioni 48 katika miaka minane hiyo. Ndiyo maana siwezi kumwambia mtu asikope. Nimeona familia zilizopata utulivu kwa sababu zilikopa. Ninachomwomba ni azilinganishe njia zote kwa jumla zake, asilinganishe rejesho la mwezi na kodi ya mwezi peke yake.

Tukarudi kwenye simu, tukabadilisha kitu kimoja: miaka 15 badala ya 20. Rejesho likawa 1,539,004. Ongezeko ni kama shilingi 72,000 kwa mwezi. Jumla ikashuka hadi milioni 277. Kwa 72,000 za kila mwezi, familia ingeokoa milioni 75 na miaka mitano ya maisha. Mdogo wangu alinitazama kama mtu aliyefichwa jambo. Kwa miaka 10 rejesho ni 1,737,976 na jumla ni milioni 208 na nusu, lakini hiyo wao wasingeiweza, na hakuna busara ya kujifunga kwa rejesho litakalokushinda ada zikigongana na ugonjwa.

Anayeogopa kujifunga ana njia nyingine. Achukue miaka 20, kisha mwezi anaojiweza aongeze. Laki moja ya ziada kila mwezi tangu mwanzo ingemaliza deni lile katika miaka 14 hivi na kuokoa takriban milioni 90. Laki hiyohiyo ikianza kuongezwa mwaka wa 15 haifanyi kazi kubwa, kwa sababu riba nyingi imeshaliwa. Ila ni lazima mkataba useme kwamba fedha ya ziada inapunguza deni la msingi palepale, isiwekwe pembeni ikingoja rejesho la mwezi ujao. Mikataba mingine inatoza adhabu kwa anayelipa mapema. Haya yanajadiliwa kabla ya kusaini, wakati benki bado inakutaka.

Na kuna simu itakayokuja mwaka wa nne au wa tano, afisa akikwambia umekuwa mteja mzuri, unaweza kuongezewa mkopo, riba ileile, rejesho litabaki karibu na lile la sasa. Rejesho linabaki kwa sababu miaka imerudishwa mwanzo. Unaanza upya kwenye ile miezi ambayo karibu kila shilingi inakwenda kwenye riba. Gari lililonunuliwa hivyo litakuwa chuma chakavu na wewe bado unalilipia kupitia nyumba. Nawasihi wanandoa walikumbuke hili. Sheria yetu ya Ardhi inataka mwenzi aridhie kabla nyumba ya ndoa haijawekwa rehani. Ridhaa hiyo isiwe sahihi ya haraka mezani kwa wakili; mwenzi anayo haki ya kuliona jedwali lote. Akishindwa mmoja kulipa, ilani ya siku 60 inawahusu wote wanaolala humo.

Kitu cha mwisho tulichokitazama kilikuwa umri. Mdogo wangu ni muuguzi wa serikali, ana miaka 42. Mtumishi wa umma hustaafu kwa lazima akiwa na 60. Mkopo wa miaka 20 ungemvusha kwenye kustaafu akiwa na miaka miwili ya marejesho mbele yake, na kiinua mgongo ndicho kingekwenda kulipa. Hilo lilimkaa kuliko mamilioni yote. "Kaka, nitafika 60 nikiwa bado mpangaji wa benki," akasema, akaanza kurudisha karatasi kwenye bahasha.

Alirudi benki wiki ile, akakaa na afisa mikopo karibu saa mbili. Aliomba miaka 15, akaomba jedwali lichapishwe lote, akaomba kifungu cha malipo ya ziada kiandikwe waziwazi. Afisa alikuwa mwungwana, akamweleza kila safu. Wakasaini mwezi uliofuata, yeye na mumewe.

Alinipigia siku rejesho la kwanza lilipokatwa. Nikamwuliza ni kiasi gani kimegusa deni lenyewe. Akanijibu palepale, bila kutafuta karatasi: "Laki moja na elfu ishirini na mbili, mia tatu thelathini na saba."